Sahani ya Waridi

Miyuji, Dodoma
Jumapili, 16 Novemba 1997

Mvua hata haijafika na redio imeshatutisha nayo. Wanaiita Elinino. Mama anasema jina kama hilo ni la jini, lisitajwe ndani ya nyumba baada ya magharibi.

Leo Anuari karudi na katoni begani. Wale Wavietinamu wa kilimo cha mpunga waliokuwa wamepanga Ipagala wamemaliza kazi yao na kugawa vyombo. Wenzake wamepata majiko na vitanda. Kaka yangu, kwa kuwa ana ukumbi wa video, kachagua mikanda minne ya video, mchezo wa kuigiza wa kwao. Nikamuuliza atamwonyesha nani.

"Wanawake. Saa tisa alasiri, wakishaosha vyombo. Wanaume wabaki na karate zao za jioni."

"Na nani atatafsiri?"

Akaniangalia kuanzia utosini mpaka miguuni. "Wewe. Mdomo unao."

Mimi Kivietinamu sijui hata salamu yake. Nikamwambia hivyo. "Na nani Miyuji nzima anakijua?" akasema. "Hakuna wa kukusuta."

Alhamisi, 20 Novemba

Nimetangaza! Mabenchi yalijaa mpaka wengine wakakalia ndoo. Picha inatoka bila rangi, kijivu tupu, kwa sababu mikanda ile na deki ya Anuari haviivani. Mrisho ndiye aliyetueleza. Mrisho ni fundi redio, meza yake imeegemea ukuta wa ukumbi. Mama humwita "yule kijana wa waya" kana kwamba hana jina. Jina lake mimi nalijua vizuri sana, na yeye langu. Kasema kuna kifaa akikipata Dar rangi zitarudi.

Nilidhani nitahangaika, kumbe wale watu ni sisi. Wanavua viatu mlangoni. Chai inamiminwa, wazee wanakaa juu, vijana chini, na mtoto hajibu mpaka aulizwe. Ukitazama nyuso tu unajua nani kamkosea nani. Nikawapa majina: binti ni Bi Mdogo, kijana mwalimu anayempenda ni Bwana Baiskeli, maana hashuki kwenye baiskeli yake. Kuna Shemeji, mrefu, mpole, na mtoto wake wa kike.

Na kuna Marehemu. Dada yake Bi Mdogo, mke wa Shemeji. Hatumwoni akiwa hai hata mara moja. Ni picha tu juu ya kabati la sebuleni, mbele yake vijiti vya ubani na bakuli la wali. Hakuna anayetoka nyumba ile bila kuitazama.

Nilipofahamu hivyo nilikuwa nimeshika maikrofoni na machozi yakanitoka. Kina mama wakadhani ni ufundi. Generosa anayeuza karanga mlangoni, Mgogo wa watu asiye na siri, aliniambia baadaye, "Aisee unakijua kweli Kichina chao, mpaka machozi!"

Jumapili, 23 Novemba

Niandike mara moja, nisilizunguke tena.

Dada yangu Waridi alifariki masika ya mwaka jana. Picha yake iko juu ya kabati letu la vyombo, ile ya Idd, ana maua ya plastiki nyuma yake. Binti yake Salwa analala na mimi. Mumewe, Aiman, muuza mitumba, anakaa nyumba ya tatu kutoka kwetu na kila jioni anakuja kumwona mtoto na kula. Mwaka ulipotimia wazee wakaanza kukohoa. Leo Mama kaacha kukohoa, kasema.

"Salwa hatalelewa na mama wa kambo na mama yake mdogo yupo hai. Aiman hana baya. Wewe unangoja nini, umri ukuache kituoni?"

Nikasema nitafikiri. "Fikiri," akasema, "lakini fikiri ukielekea huko."

Alhamisi, 4 Desemba

Mvua imeanza. Si ile ya kwetu ya kuja na kuondoka. Imekaa.

Salwa hukaa benchi la mbele kila siku ya mchezo, mdomo wazi. Leo jioni nimeingia sebuleni nikakuta amepanda kiti. Juu ya kabati, mbele ya picha ya Waridi, kuna kisahani cha wali.

"Nini hicho?"

"Cha Mama. Yule wa kwenye video anapewa kila siku. Wangu hajapewa tangu afe."

Nilikitoa. Nilipotoka kuoga kilikuwa kimerudi, na safari hii kina na mchicha.

Ijumaa, 5 Desemba

Mvua. Kuku wawili wamekufa.

Ijumaa, 12 Desemba

Nimemwambia Mama kuhusu sahani. Nilitegemea atapandisha sauti mpaka msikitini wasikie, maana mwanamke huyu aliwahi kunipiga kwa kufunga hirizi ya mtihani. Nikasema, Mama, hii ni shirki ndani ya nyumba.

"Mtoto anacheza," akasema.

Baadaye nikamwona mwenyewe, ameinuka taratibu, akachukua kawa na kufunika kile kisahani kisiingiwe na nzi. Alipojua namwona akasema, "Waridi alikuwa hali chakula kilichotuliwa na nzi." Kisha akacheka kidogo. "Wala kisicho na chumvi. Kila chungu yeye aongeze chumvi, hata hajaonja. Nimegombana naye miaka yote kwa chumvi." Kicheko kikaishia hapo, akarudi jikoni.

Asubuhi sahani hutolewa, kuku hula. Mimi sisemi tena.

Jumamosi, 20 Desemba

Sokoni mzee mmoja amenishika mkono. "Waridi! Kumbe ulipona?" Nikamwambia mimi ni mdogo wake. Akaniachia haraka, akajipangusa kiganja kwenye kanzu.

Nilipita kwa Mrisho. Alikuwa amefungua redio ya mtu, akaniambia nikae. "Nije kuposa lini, Shamila? Baba mdogo ameshakubali kunisindikiza."

"Baada ya Idd."

"Ulisema baada ya maulidi. Sasa Idd. Mwisho utaniambia baada ya Kiyama."

Nilicheka, naye akacheka. Najua alimaanisha. Sijamwambia habari za Aiman. Kila nikifungua mdomo naona ataniuliza nimejibu nini, na jibu sina.

Jumapili, 28 Desemba

Mkanda wa tatu, wa mwisho kabla ya Ramadhani. Mama amekuja kwa mara ya kwanza, kakaa nyuma na mwavuli mapajani.

Kulikuwa na shughuli kubwa nyumbani kwa kina Bi Mdogo. Watu wakaja wamepangana mstari, nguo zao nyeusi nyeusi, wamebeba sinia zilizofunikwa vitambaa vyeusi. Ubani ukawashwa. Bi Mdogo, machozi yakimtoka, akapiga magoti na shemeji yake mbele ya ile picha, wakainama hadi chini. Nje ya geti Bwana Baiskeli kasimama mvuani, haingii.

Nikatangaza: "Leo ndugu na jamaa wamekusanyika kumsomea marehemu khitma. Mwaka umetimia. Sinia hizi ni za sadaka. Na yule kijana kaja kuhani, lakini hakuthubutu kuingia, maana familia haimtambui." Ukumbi mzima ukalia. Generosa alilia huku akiuza karanga. Nikamtia Bi Mdogo dua mdomoni: pumzika dada, mtoto wako yuko salama.

Tulipokuwa tunarudi Mama kanishika mkono kuvuka dimbwi. "Wanawakumbuka watu wao vizuri," akasema. Mkono wake ulikuwa wa baridi. Kwa dakika ile nilimpenda kuliko nilivyompenda mwaka mzima.

Alhamisi, 1 Januari 1998

Mfungo wa kwanza. Ukumbi wa alasiri umefungwa mpaka baada ya Idd.

Jumatano, 7 Januari

Ukuta wa choo umeanguka. Reli imekatika huko chini, sukari imepanda, hakuna treni.

Jumatano, 14 Januari

Aiman alikuja kufuturu. Mimi nilikuwa jikoni, Salwa kanambia kituko cha paka wa jirani, nikacheka kwa sauti. Nikasikia kikombe kinatuliwa sebuleni. Nilipotoka na uji, Aiman alikuwa ameshavaa viatu.

"Shemeji, hujala."

"Nimeshiba," akasema, na hakuniangalia.

Si mara ya kwanza. Ana haraka, anataka jambo liishe, na mimi ndiye namcheleweshea. Mtu mzima ananuna kama mtoto! Mama akanitazama kana kwamba ni mimi niliyemmwagia uji.

Jumatano, 21 Januari

Mvua, daku, usingizi, mvua.

Ijumaa, 30 Januari

Idd Mubarak. Mama amenipa doti ya khanga. Nilipoifungua nikaijua kwa harufu kabla ya macho. Ni ya Waridi. "Zinaozea sandukuni," akasema. Nimejifunga, ningefanyaje, siku ya Idd? Salwa kaniona mlangoni, akakimbia kuja, akafika karibu akapunguza mwendo.

"Nilidhani," akasema, na hakumalizia.

Jioni Mama katamka mbele ya Anuari kwamba tarehe 14 mwezi ujao wazee watakaa na Aiman. Anuari kaangalia chini. Nikamuuliza uani kama na yeye ndiyo rai yake. "Shamila, mimi nina ukumbi wa video tu," akasema. Huyo ndiye kaka yangu.

Alhamisi, 5 Februari

Nimemwambia Mrisho. Akaitua bisibisi mezani. Kisha kasema, "Kifaa kimefika. Kimepanda lori kutoka Dar, siku sita tope tupu. Alhamisi ijayo utaona rangi."

"Umenisikia nilichosema?"

"Nimesikia. Sina la kukupa la kushinda mtoto yatima, Shamila. Nina hiki tu, nikakutengenezee."

Nimerudi nyumbani nalia mvuani, na uzuri wa mvua ni huo, hakuna anayekuuliza.

Alhamisi, 12 Februari

Nisipoandika leo kesho nitajidanganya.

Kina mama walisema Ramadhani imewasahaulisha, wakaomba mkanda wa tatu urudiwe kabla ya kuonyeshwa wa nne. Anuari akakubali, tiketi ni tiketi. Mama alikuja tena, safari hii kakaa katikati. Salwa benchi lake la mbele. Bati lilikuwa linapigwa na mvua mpaka ikabidi nishike maikrofoni karibu na meno.

Mrisho akapiga magoti kwenye deki, akaangalia kwangu, akatabasamu, akabonyeza. Picha ikaruka, ikawa kijivu kama kawaida, ikaruka tena. Halafu rangi zikaingia. Ukumbi mzima ulisema "Haa!" kwa pamoja. Majani ya kijani kweli. Vigae vya paa. Mashavu ya Bi Mdogo. "Kumbe wana damu!" akasema Generosa, na watu wakapiga makofi. Mimi nilijaa furaha, nikatangaza kwa madaha yote. Nilikuwa namwangalia Mrisho kuliko runinga.

Ikafika ile khitma.

Wageni wakaja wamepangana mstari. Sinia zikaingia, na vitambaa juu yake havikuwa vyeusi. Vilikuwa vyekundu, wekundu wa kupiga kelele. Nguo ya Bi Mdogo nyekundu, ina nyuzi za dhahabu mpaka miguuni, na kichwani amefungwa duara kama taji. Wanawake wamepaka rangi mdomoni. Mlangoni maua na makaratasi yenye maandishi ya dhahabu. Hakuna kitu pale kilichokuwa cheusi hata kimoja.

Nikanyamaza. Mvua ikasikika peke yake.

"Mtangazaji," akasema Generosa, "hapa mbona si msibani? Nani anakwenda kuzika amepaka lipstiki?"

"Harusi hiyo!" mwingine akapaza sauti. "Anaolewa na shemeji yake!" Na mmoja kule nyuma, Mungu amsamehe, akapiga kigelegele.

Kwenye runinga wakapiga magoti wale wawili, ubani mikononi, mbele ya picha ya Marehemu. Ndipo nilipoelewa. Hawakuwa wakimwombea dua. Walikuwa wakimwomba ruhusa. Na Bwana Baiskeli pale getini hakuja kuhani. Alikuja kuona kwa macho yake.

Mama hakugeuka. Aliongea akiangalia mbele, kwa sauti ya kutosha. "Basi hata wao. Hata wao wanajua wajibu." Wengine hawakujua anasema na nani.

"Shamila, tafsiri," Anuari akaninong'oneza. "Watadai hela zao."

Bi Mdogo akainua uso kuelekea ile picha, midomo yake ikaanza kusema. Maikrofoni ilikuwa mkononi. Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga. Nikasema:

"Dada. Tangu umeondoka mwanao nalala naye mimi. Najua anavyopiga mateke akiota. Najua jino lipi linatikisika. Nitamlea mpaka mikono iishe nguvu. Lakini mume wako ni wako. Khanga zako nimevaa kwa sababu nimepewa, kitanda chako sikitaki. Kuna mtu wangu yuko nje. Kama na wewe unataka nikilalie kitanda chako, njoo useme mwenyewe, maana hawa wote wanakusemea na wewe hujafungua mdomo."

"Sasa mbona anasema hivyo na huku anaolewa?" akauliza Generosa, na watu wakaangua kicheko. Kicheko kikafifia benchi kwa benchi, kadiri walivyogeuka kuniona. Nilikuwa nalia ndani ya maikrofoni, na spika inalia na mimi.

Mama akasimama. Akafungua mwavuli akiwa bado ndani ya ukumbi, jambo ambalo hutukataza tangu tukiwa wadogo, akatoka.

Salwa kageuka kwenye benchi lake. "Mama mdogo, umekosea," akasema, kwa upole kabisa. "Ameolewa. Nimeona."

Mlangoni, pale Mama alipopita, alikuwa amesimama Aiman, amelowa chapachapa. Alikuja kumchukua mtoto kwa ajili ya mvua. Sijui alikuwa amesimama tangu lini. Mrisho akazima deki.

Ijumaa, 13 Februari

Mama hasemi nami. Kampa Salwa maneno aniletee: chumvi imekwisha, maji yameisha. Nimeenda kwa Mrisho. "Nilitaka kukufurahisha," kasema. Nikamwambia najua.

Jumamosi, 14 Februari

Leo ndiyo ilikuwa siku ya wazee. Hawakuja. Kaja Aiman peke yake, asubuhi, na hakutaka kuingia. Kakaa barazani na mimi nikakaa kizingitini.

"Shemeji, siku zile nikiondoka bila kula, ulikuwa unanifikiriaje?"

"Nilidhani una haraka ya ndoa."

Akacheka, kicheko kibovu. "Ukicheka jikoni, ni yeye. Ukikohoa, ni yeye. Siku ya Idd umepita uani na zile khanga, nikamwaga chai. Mimi ni mtu mzima, nakaa pale nimeshika kikombe natamani nikimbie. Na mama anasema wewe ndiye dawa yangu."

"Kwa nini hukusema?"

"Mama kanipa binti yake wa kwanza, nikamrudishia kaburi. Leo ananipa wa pili. Nimwambie simtaki? Kwa mdomo upi?" Akafuta uso. "Nilikuwa nangoja mmoja wenu aseme. Juzi umesema."

Mwezi mzima huu nimemchukia mtu ambaye alikuwa anaogopa kama mimi. Nilitaka kumshika mkono, nikakumbuka mkono wangu unafanana na wa nani, nikauacha.

Kisha akasema lile lililomleta. Barabara ikipitika atampeleka Salwa Kondoa kwa dada yake.

"Nimesema nitamlea! Umesikia!"

"Nimesikia. Shemeji, mtoto anapakulia picha. Bibi yake anaifunika kwa kawa. Nyumba hii nzima mnakaa na marehemu. Nataka akakae mahali ambapo watu wanakula na kulala tu."

Mtoto ni wake.

Alhamisi, 26 Februari

Mkanda wa nne. Sikutaka, Anuari kanibembeleza. Nilidhani Bi Mdogo atajitupa mtoni au atatoroka. Hakuna. Anapika, anafua, mtoto anakua. Bwana Baiskeli anapita siku moja na watoto wake mwenyewe nyuma ya baiskeli, wanasalimiana, anaenda zake. Kuna mahali Bi Mdogo na Shemeji wanashona chandarua, uzi unakatika, wanacheka wote wawili, kicheko cha kweli. Mwisho anaweka bakuli la wali mbele ya picha, kama mwanzo.

"Kwa hiyo mwishowe alimpenda?" akauliza Generosa.

"Sijui," nikasema. Ni mara ya kwanza nimetamka neno hilo kwenye maikrofoni ile.

Jumapili, 8 Machi

Daraja la Kondoa limechukuliwa na maji. Magari yanaishia Msalato, yanageuza. Msikitini wameomba mvua ikatike, kanisani nao wameomba, Generosa kasema hata kwao wazee wamechinja kondoo. Mimi naomba iendelee. Mungu anajua namwomba nini na kwa nini, anihukumu tu.

Alhamisi, 12 Machi

Mvua. Alhamdulillahi.

Jumamosi, 14 Machi

Jino la Salwa limetoka. Tumelitupa juu ya bati pamoja.

Mama bado hasemi nami. Leo nimemkuta ameketi gizani sebuleni, taa hajawasha, ameelekea kwenye kabati. Nilidhani anaswali. Nimekuwa nikimwona ni mwanamke mgumu anayetaka kuniuza kwa utulivu wake. Leo nimemwona ni mama aliyezika mtoto, akadhani akimweka mwingine mahali pake, palepale, kwa khanga zilezile, shimo halitaonekana.

Jumatano, 18 Machi

Jua limetoka. Watu wanaanika magodoro na kucheka barabarani.

Jumatatu, 23 Machi

Wameondoka.

Nilimfungia nguo zake, na picha ya Waridi nikaiviringishia taulo nikaiweka juu. Salwa kaitoa. "Huko Kondoa Mama hamjui mtu," akasema. "Abaki na Bibi." Akapanda kiti akairudisha juu ya kabati, akainyoosha mpaka ikakaa sawa. Kisha akaniangalia kama mtu anayekabidhi zamu.

"Mama mdogo, usisahau kumpa. Kila magharibi. Usimpe ukoko."

Baba yake alikuwa mlangoni, amesikia. Mimi ndiye niliyekwenda kwa Mama na neno la shirki mwezi Desemba. Nikasema, "Sitasahau."

Stendi sikwenda. Mama alikwenda, karudi na vumbi la kwanza la mwaka huu miguuni, akapitiliza chumbani.

Jumamosi, 28 Machi

Nimeweka. Nimetoa. Kuku wamekula.

Alhamisi, 2 Aprili

Mrisho kaja na baba yake mdogo kuposa. Wamebeba sinia, na fundi wangu asiye na akili kaifunika kitambaa chekundu. Alidhani ndiyo heshima, maana kwenye video wanafanya hivyo. Nilikiona kupitia dirisha, nikarudi nyuma. Anuari kawapokea. Mama alikaa nao, aliitikia shikamoo zao, akasikiliza mpaka mwisho, na hakusema ndiyo wala hapana. Anuari anadai kwamba kutokukataa kwake ni jibu. Labda. Kimya kingi kina mshindo mkuu, na huu wa Mama sijausikia bado.

Kitambaa nimekikunja nikakitia chini kabisa ya sanduku.

Jumatano, 8 Aprili

Idd ya kuchinja. Barua ya Aiman imekuja na dereva: Salwa ameanza shule, ana rafiki, anakula vizuri, na analala peke yake. Nimeisoma kwa sauti mbele ya mlango wa chumba cha Mama. Hakufungua, lakini nilisikia kitanda kikilia, amekaa kusikiliza. Mateke ya usingizini anampiga nani sasa? Nimefurahi kwa ajili yake na nimelia mpaka nikatapika. Vyote viwili ni kweli.

Jumapili, 12 Aprili

Mawingu yamerudi kidogo, ya mwisho mwisho.

Magharibi nilipakua wali na mchuzi wa nyama ya Idd, nikapanda kiti, nikaweka sahani. Leo sikushuka mara moja. Nilimtazama dada yangu na yale maua ya plastiki. Nilimwambia, Waridi, nimekataa, nimempoteza mtoto wako, na bado nataka kuolewa na Mrisho. Ukikasirika useme. Hakusema. Ubani hatuna, mambo hayo ni ya Wavietinamu.

Nilipogeuka Mama alikuwa nyuma yangu, kawa mkononi. Sijui amesikia kiasi gani. Alinyoosha mkono nikadhani anataka nishuke nimpishe. Akachukua ile sahani juu ya kabati, akachovya kidole kwenye mchuzi, akaonja.

"Chapwa," akasema. Ndilo neno la kwanza aliloniambia tangu ile siku ya rangi. "Mtu mzima, na hujui dada yako anavyokula?"

Akaenda jikoni, nikasikia kopo la chumvi linafunguliwa.